Waya wa Faiba Ndani ya Nyumba: Pesa Inakwenda Wapi?

 Mazungumzo ya leo ni ya bei, na nitaanza na bei ambayo hutaisikia dukani.

Katikati ya mwaka 2022 malighafi zilikuwa zimeadimika na bei ya faiba ilikuwa imepanda kuliko kawaida. Hata hivyo, uzi wa kioo wenyewe, ule unaopitisha mwanga, ulikuwa dola 6.30 kwa kilomita katika soko la dunia. Machi 2021 ulikuwa dola 3.70. Kilomita nzima, msikilizaji. Sasa chukua jengo pale Ilagala, mkoani Kigoma, ambapo kutoka ukuta wa nje hadi chumba chenye modemu ni mita 40 ukihesabu kona zote. Kioo kilichomo ndani ya mita hizo 40, kwa bei ile ya juu, hakikufika shilingi 600 kwa thamani ya shilingi ya wakati ule.

Basi ukiletewa hesabu yenye tarakimu tano au sita, jua kwamba kioo hakimo humo, au kimo kwa kiasi cha kununulia pipi. Pesa imekwenda kwenye ganda la waya, kwenye ncha zake, kwenye njia ulikopitishwa, na kwa sisi tulio mbali na mji, imekwenda kwenye safari ya fundi na mashine yake. Mnunuzi anayebishania shilingi mia kwenye mita, kisha haya mengine akayaacha yapite bila kuyauliza, anabishana mahali pasipo na pesa. Hilo linaniuma, kwa sababu nimeona wanunuzi hao ni watu makini, wanaojua kupatana bei ya dumu la mawese hadi shilingi ya mwisho.

Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano ulianza kujengwa mwaka 2009, na awamu zake mbili za mwanzo zilifikisha kilomita 7,560 kufikia 2012. Julai ya mwaka huohuo wa 2009, mkongo wa baharini wa SEACOM ulizinduliwa Dar es Salaam. Tangu hapo TTCL na kampuni za simu zimekuwa zikiisogeza faiba mkoa kwa mkoa, na TTCL sasa wana huduma waliyoiita Faiba Mlangoni. Kuna pia mradi wa kupitisha mkongo chini ya ziwa letu, Tanganyika, kutoka Kigoma hadi Kalemie. Kazi hizo zote zina wahandisi na mikataba. Kipande kisichokuwa na wa kukisimamia ni kile cha mwisho, mita 20, 40 au 60 za ndani ya jengo. Hapo mwamuzi ni mwenye nyumba, mwalimu mkuu, au mganga mfawidhi, naye mara nyingi huamua akiwa amesimama kaunta, hana wa kumuuliza isipokuwa huyohuyo anayemuuzia. Huyo ndiye ninayezungumza naye leo.

Ilagala mnaijua: pale mto Malagarasi unapokaribia kuingia ziwani, penye michikichi, penye gereza linalolima michikichi hiyo, penye kivuko cha kuwavusha wanaokwenda vijiji vya kusini. Mahitaji ya mtandao ndani ya majengo ya sehemu kama hiyo si ya anasa. Mfumo wa GoTHOMIS, unaotumika katika vituo vya afya vya serikali, unataka mapokezi, maabara na dirisha la dawa vizungumze, na mara nyingi hayo ni majengo matatu yaliyotengana kwa uwanja wa mchanga na mwembe katikati. Shule ina chumba cha kompyuta upande huu na ofisi ya taaluma upande ule. Nyumba ya wageni ina vyumba vya mbele na vya uani. Waya wa shaba wa mtandao, huu wa kawaida wenye jozi nne, hauruhusiwi kuzidi mita 100, na una tatizo jingine kubwa zaidi nitakalolifikia baadaye.

Kabla ya kununua chochote, mama yangu, baba yangu, pima kama unahitaji faiba ya ndani, na kwa kiasi gani. Mtoa huduma akija kukuunganisha, kwa kawaida huleta waya wake mpaka kwenye kisanduku cha ukutani, na modemu yake. Nyumba ya vyumba vinne haihitaji faiba ya kila chumba. Mwambie fundi modemu ikae katikati ya nyumba, mahali ambapo Wi-Fi itafika pande zote, badala ya kuiweka kwenye ukuta wa kwanza aliofika kwa sababu ndio rahisi kwake. Unaweza kuongeza mita 10 za waya kwa ajili hiyo, na ndiyo pesa nzuri kuliko zote utakazotumia siku hiyo. Wanaohitaji zaidi ya hapo ni wenye majengo zaidi ya moja, au jengo refu lenye ofisi nyingi.

Sasa tuje kwenye safari ya fundi, kwa maana hapa ndipo Ilagala inapotofautiana na Kariakoo.

Uzi wa faiba una unene wa mikroni 125, yaani sehemu moja ya nane ya milimita, na mwanga wenyewe unapita katika kiini cha mikroni 9 tu. Kuunga nyuzi mbili za namna hiyo kunahitaji mashine inayozipanga zikutane kiini kwa kiini na kuziyeyusha kwa cheche ya umeme. Mashine nzuri za Kijapani huuzwa kwa maelfu ya dola. Fundi anayeimiliki yuko mjini, haachi mashine yake kwa mtu, na akija kwako anakuja na gharama ya siku nzima. Mjini Dar es Salaam fundi akiharibu kiungo leo atarudi kesho asubuhi kwa bodaboda. Huku kwetu kiungo kikiharibika mvua za Novemba zikiwa zimeshaanza, nauli na siku iliyopotea vinaweza kuzidi thamani ya waya wote uliomo ndani ya jengo.

Kwa hiyo waya wa bei nafuu kwa mtu wa Ilagala ni ule usiomrudisha fundi. Hiyo ndiyo rula yangu, na nitaitumia kupima kila kitu nitakachotaja.

Ukiitumia, jambo la kwanza linalobadilika ni kama ununue waya mtupu au waya uliokuja na ncha zake kutoka kiwandani. Waya mtupu wa bunda ni rahisi sana kwa mita, lakini kila upande lazima uungwe ncha. Waya wenye ncha za kiwandani ni ghali kwa mita, na unauzwa kwa urefu maalumu: mita 20, 30, 50, 100. Mjini ningesema nunua wa bunda. Ilagala nasema pima njia yako kwa kamba, ongeza mita 5, kisha agiza wenye ncha tayari wa urefu unaofuata. Unaobaki utauviringisha ndani ya kisanduku. Kijana yeyote mwenye mkono mtulivu aliyepitia VETA anaweza kuupitisha na kuuchomeka, na ukiliwa na panya mwaka ujao unaagiza mwingine unaokuja kwa basi, bila kumwita mwenye mashine. Angalizo ni moja. Kichwa cha ncha ni kinene, kwa hiyo tundu la ukutani litahitaji kuwa kubwa, milimita 15 hivi, litobolewe kwa mshazari likishuka kuelekea nje ili maji ya mvua yasifuate waya hadi sebuleni. Na nje, kabla ya kuingia tunduni, waya ushuke chini kidogo kisha upande, ili maji yadondoke hapo chini.

Kuna pia njia ya kati, ncha za kubana kwa mkono, ambazo hazihitaji mashine. Wauzaji wanazipenda. Mimi sizipendelei kwa barabara zetu za vumbi na hewa yetu ya ziwa. Ndani yake kuna tone la jeli linalosaidia mwanga kuvuka, na fundi akikosea kidogo kukata uzi, au vumbi likiingia wakati wa kubana, utakuwa na mtandao unaokwenda na kurudi bila sababu inayoonekana. Hitilafu ya namna hiyo ndiyo inayokula nauli za mafundi. Weka mbili za akiba kwa dharura, usijengee nazo ofisi nzima.

Chukua kalamu sasa, nitakutajia herufi, kwa sababu ganda la waya limeandikwa na muuzaji hapendi ulisome. Andika G.657. Narudia, G, nukta, 657. Huo ni mwongozo wa shirika la mawasiliano la kimataifa, ITU, kwa nyuzi zinazovumilia kukunjwa. Uzi wa zamani wa G.652 ulitengenezwa kwa ajili ya njia ndefu za nje, na unataka mkunjo mpana wenye nusu kipenyo cha milimita 30 hivi. Ukiubana kwenye kona ya mlango, mwanga unavuja. G.657 wa daraja la A1 unavumilia milimita 10, na wa A2 milimita 7.5. Kona zenye nusu kipenyo cha milimita 10 ni kama kuuzungusha waya kwenye kidole gumba cha mtu mzima. Ndani ya nyumba usikubali pungufu ya A1, na kama njia yako ina kona nyingi chukua A2, kwa sababu tofauti ya bei kati yao ni ndogo kulinganisha na kiungo kimoja cha kurudiwa.

Halafu tazama rangi. Waya wa rangi ya chungwa anaokuambia muuzaji kwamba ni faiba safi na ameushusha bei, uulize ni wa nini. Chungwa kwa desturi ni rangi ya zile nyuzi za zamani zenye kiini kinene cha mikroni 62.5 au 50. Ni faiba kweli, lakini mwanga wa modemu za watoa huduma wetu unataka kiini cha mikroni 9, na waya wake wa ndani mara nyingi ni wa njano. Waya bapa wa majumbani, mweupe au mweusi, rangi yake haikuambii chochote kuhusu kiini, kwa hiyo rudi kwenye maandishi.

Hizo mbili, nyeupe na nyeusi, zina maana nyingine. Ganda jeusi ni la nje: lina kaboni inayolilinda na jua. Ganda jeupe la ndani likipigwa na jua la Tanganyika mwaka mzima litapasuka. Na jeusi likipitishwa ndani mbali sana ni hatari ya aina nyingine. Waya wa nje hutengenezwa kwa plastiki inayoshika moto kirahisi, na mwingine umejazwa mafuta mazito ya kuzuia maji, yanayoweza kudondoka yakiwaka. Marekani kanuni za umeme zimeweka kikomo kwamba waya wa nje usipite zaidi ya mita 15 ndani ya jengo kabla ya kuishia kwenye kisanduku. Sisi tunaweza kuiga kipimo hicho bila kusubiri kulazimishwa. Kisanduku kikae kwenye ukuta wa kuingilia, na kuanzia hapo uende waya wa ndani.

Kwenye waya wa ndani tafuta herufi LSZH. Narudia, L, S, Z, H. Maana yake ni ganda ambalo likiungua hutoa moshi mdogo na halina halojeni. Ganda la PVC likiungua hutoa gesi ya asidi inayochoma macho na mapafu. Kwenye wodi ya wazazi, kwenye bweni la wasichana, kwenye nyumba ya wageni yenye nondo madirishani, watu wanaotafuta mlango gizani wanazimishwa na moshi kabla moto haujawafikia. Hapa sitapima kwa shilingi. Kama jengo lina watu wanaolala, nunua LSZH, na muuzaji akisema hana, nenda duka jingine au subiri basi la kesho.

Sasa lile tatizo kubwa la waya wa shaba nililoliahidi: radi. Ng'ambo yetu, mashariki ya Kongo, ni moja ya sehemu zenye radi nyingi kuliko zote duniani, na anayekaa ukingoni mwa ziwa hili anajua kuanzia Oktoba usiku unavyokuwa. Radi haihitaji kupiga jengo lako. Ikipiga ardhi jirani, waya wa shaba uliounganisha majengo mawili hubeba msukosuko wa umeme kutoka upande mmoja hadi mwingine, na swichi za pande zote mbili zinakufa usiku mmoja. Kioo hakipitishi umeme. Hii ndiyo sababu yenye nguvu kuliko kasi, kuliko umbali, ya kutumia faiba kati ya maabara na mapokezi hata kama ni mita 40 tu.

Lakini kioo kinaweza kufungwa pamoja na chuma, na hapo faida yote inaondoka. Andika herufi nyingine: GJXFH. Narudia, G, J, X, F, H. Hiyo ni alama ya viwanda vya China, ambako waya mwingi wa namna hii hutoka. Herufi F hapo kati inaeleza kwamba vijiti viwili vinavyoimarisha waya, kila upande wa uzi, havina chuma. Ukikuta GJXH bila F, humo mna chuma. Na ule waya bapa wa nje unaotundikwa nguzoni, wenye kamba ya tatu ya kubebea uzito, kamba hiyo kwa kawaida ni chuma. Ni sawa kwa nje, inabeba waya upepo wa ziwa unapovuma. Ila fundi anapaswa kuitenganisha, aifunge kwenye ndoano ukutani, aikate, na iishie hukohuko nje. Nikiona kamba ya chuma imeingia ndani hadi mezani kwenye modemu, najua aliyefunga hakuwa na haraka ya kufikiri juu ya Novemba.

Wenye ghala watasimama hapa na kusema: na panya je? Wana haki. Panya hutafuna waya, na kwenye majengo yenye mahindi au mbegu za michikichi panya ni wengi. Madukani kuna waya wa faiba wenye koili ya chuma cha pua chini ya ganda, na panya hauwezi. Kwa hiyo tuna mambo mawili yanayovutana: chuma kinazuia panya na kinakaribisha radi. Mimi nayatenganisha hivi. Ndani ya jengo moja, kwenye ghala au stoo, tumia wenye koili ya chuma, kwa maana hautoki nje. Kati ya jengo na jengo, tumia usio na chuma kabisa, ndani ya bomba la plastiki lililofukiwa, na midomo ya bomba izibwe vizuri, hata kwa chuma kile cha kusugulia sufuria kikifuatiwa na saruji laini, ili panya na mchwa wasipate mlango. Acha kamba ya nailoni ndani ya bomba. Siku utakapotaka kuvuta waya wa pili, kamba hiyo itakuokolea kazi ya kuchimba.

Na kwa kuwa unachimba, usifukie waya wa uzi mmoja. Wa nyuzi nne unazidi wa uzi mmoja kwa fedha kidogo, kwa sababu kioo, kama tulivyoona, ni rahisi, na jembe, bomba na vibarua ni vilevile. Uzi mmoja ukifa unahamia wa pili. Pande zote mbili utaweka vile visanduku vya kubadili mwanga kuwa umeme wa waya wa kawaida. Aina inayotumia uzi mmoja tu huja kwa jozi, A na B, kila kimoja kikituma kwa rangi yake ya mwanga. Ukinunua A mbili havitazungumza kamwe, na hilo lichunguzwe dukani kabla hujapanda gari.

Radi niimalize kwa ukweli mwingine: faiba haikukingi na umeme wa TANESCO. Modemu bado imechomekwa ukutani, na msukosuko utaipata kupitia hapo. Dhoruba ikikaribia, chomoa.

Njia ya waya ndani ya nyumba mafundi wengi huichukulia kwa wepesi. Wanapenda kuurusha juu ya dari kwa sababu hauonekani na hauhitaji tranking. Chini ya bati saa 8 mchana ni tanuri, na waya wa ndani kwa kawaida umetengenezwa kwa joto lisilozidi nyuzi 60 za Selsiasi. Juu hapo ndipo panya wanapoishi pia. Tranking ya plastiki ukutani, chini kidogo ya dari au juu ya sakafu, inaongeza gharama unayoiona kwa macho na inaondoa gharama usiyoiona. Misumari ya vibanio isigongwe kwa hasira: waya ukibanwa hadi kubonyea, mwanga unapungua hapohapo. Wala usivutwe kama kamba ya wavu. Ule mwembamba usio na chuma hauvumilii mvuto unaozidi uzito wa kilo 8 hivi, tena kwa muda mfupi.

Ndugu zangu, kuna jambo ambalo halimo kwenye ankara yoyote na nalishikia bango. Fundi akikata uzi wa kioo, vipande vinaanguka. Ni vyembamba kuliko mwiba wa samaki, havionekani kwenye sakafu, na vikiingia kwenye ngozi ni taabu kuvitoa. Nyumba zetu watu wanakaa mkekani, wanakula mkekani, na mtoto anatambaa hapohapo. Fundi afanye kazi juu ya meza yenye kitambaa cheusi, kila kipande akikusanye kwa utepe wa gundi, akiweke kwenye chupa yenye kifuniko, aondoke nacho. Mama mwenye nyumba ana haki ya kumwambia, "Baba, vipande viko wapi, nionyeshe," kabla hajalipa. Na mtu yeyote asichungulie ncha ya waya ulio hai kutazama kama mwanga upo. Mwanga huo macho hayauoni, lakini unaingia jichoni.

Tufike kwenye ncha. Mwaka 1966 Charles Kao na mwenzake George Hockham, wakiwa Uingereza, waliandika kwamba kioo kingeweza kubeba mawasiliano kama upotevu wa mwanga ungeshushwa hadi desibeli 20 kwa kilomita. Mwaka 1970 watafiti wa kampuni ya Corning ya Marekani walifikia 17. Leo uzi wa kawaida unapoteza desibeli 0.35 kwa kilomita, au chini ya hapo kwa rangi nyingine ya mwanga. Kao alipewa tuzo ya Nobel mwaka 2009, mwaka uleule mkongo wetu ulipoanza. Kwa hiyo kioo kilishashinda mtihani wake zamani. Mita zako 40 zinapoteza desibeli 0.014. Ncha moja nzuri, safi, inapoteza 0.3, zaidi ya mara 20 ya waya wote. Ncha chafu inaweza kupoteza desibeli nzima au zaidi, na kila desibeli 3 ni nusu ya mwanga imeondoka.

Ndiyo maana nasema ncha inunuliwe kwa uangalifu kuliko mita. Modemu nyingi za faiba ya majumbani zinatumia ncha ya kijani, ambayo uso wake umekatwa kwa mshazari wa nyuzi 8. Ya bluu uso wake hauna mshazari huo. Zinaingiliana kwa umbo, zinachomekana, na watu wanazichomeka. Usifanye hivyo: kijani kwa kijani, bluu kwa bluu. Kofia za plastiki zibaki kwenye ncha hadi dakika ya kuchomeka, na kidole kisiguse uso wake.

Dukani, fanya mambo mawili. Waya umeandikwa mita baada ya mita. Soma namba ya mwanzo na ya mwisho, toa moja kwa nyingine, uone kama mita 60 ulizolipia ni 60. Kisha mwombe muuzaji apige tochi ya mwanga mwekundu ncha moja, na wewe uone wekundu ukitokea ncha ya pili kwa kuielekeza kwenye karatasi. Waya uliosafiri kutoka Dar es Salaam chini ya magunia unaweza kuwa umevunjika ndani huku ganda likiwa zima.

Kwa wakuu wa shule na vituo vya afya, ambao tangu 2023 manunuzi yao yanapitia mfumo wa NeST, nawaomba sana: mkiandika kwenye mahitaji "waya wa faiba mita 200" na kuishia hapo, mtashindanisha bei ya kitu msichokijua, na wa chini kabisa atashinda kihalali. Andikeni G.657A1 au A2, andikeni LSZH kwa ndani, andikeni usio na chuma kati ya majengo, idadi ya nyuzi, rangi ya ncha, tranking, bomba, na kipimo cha mwisho. Fundi awe na leseni ya TCRA ya kufunga vifaa vya mawasiliano. Na mtu binafsi pia atake hesabu iliyotenganishwa: waya peke yake, ncha peke yake, kazi ya kuunga kwa kila kiungo, njia, nauli. Hapo ndipo utaona ni wapi pa kupatana. Kiwango cha kawaida cha VAT ni asilimia 18, na risiti ya EFD ndiyo itakayokurudisha dukani ukiwa na hoja bunda likiwa bovu.

Malipo ya mwisho yasubiri namba moja. Fundi ana kipima mwanga. Akichomeke kwenye ncha itakayoingia kwenye modemu na akuonyeshe. Modemu za GPON, ambazo zimeenea sana, husoma mwanga mdogo hadi hasi 27 kwa kipimo cha dBm, na hazitaki mkali kuliko hasi 8. Ukipata kama hasi 19 au 20 una nafasi ya kutosha. Ukipata hasi 26 mtandao utawaka leo mbele yako, na utazimika vumbi kidogo likiingia, fundi akiwa ameshafika Kigoma mjini. Mwambie arudie ncha kabla hajafunga begi. Namba ikikaa sawa, iandikwe kwa kalamu ya wino usiofutika ndani ya mfuniko wa kisanduku cha ukutani, pamoja na tarehe, aina ya waya, na urefu wake.